Kuunganisha mafaili ya folda nzima kuwa jedwali moja: kazi iko wapi hasa?

Agosti 2022, Tume ya Uchaguzi na Mipaka, IEBC, ilipoanza kuweka Fomu 34A kwenye tovuti yake, Wakenya walifunguliwa folda ambayo hawakuwa wameizoea: matokeo ya vituo 46,229 vya kupigia kura, kila kituo na fomu yake, mtu yeyote mwenye simu apakue. Runinga zikaanza kujumlisha, kila moja kivyake. Aliyebadilisha chaneli aliona mgombea mmoja akiongoza huku, mwingine akiongoza kule. Kwenye matatu na vinyozini swali likawa moja: kompyuta si zipo? Kwa nini zisizisome hizo fomu zote kwa mpigo zitoe jumla?

Swali hilohilo hurudi kila mwisho wa mwezi katika ofisi za Nairobi, ila kwa sauti ya chini. Meneja anamwambia mhasibu, "Matawi yote yameshatuma, weka tu pamoja," halafu kesho yake anashangaa jedwali halijafika. Meneja anadhani ni kazi ya dakika mbili. Mhasibu anajua itamla siku nzima. Kila mmoja ana ukweli wake. Kuunganisha kwenyewe ni dakika mbili kweli. Kinachokula siku, na kinachoweza kula pesa, ni kwamba kompyuta huunganisha hata visivyopatana, na mara nyingi hainung'uniki.

Data iliyopangwa ni ipi

Data iliyopangwa ni ile ambayo kompyuta inajua, bila kukisia, kila thamani iko chini ya jina gani. Fomu 34A zilizowekwa mtandaoni zilikuwa picha za karatasi zilizoskaniwa. Jicho la mtu linaona jedwali pale, majina upande mmoja na kura upande wa pili. Kompyuta inaona nukta nyeusi na nyeupe. Ilibidi watu wazisome na kuchapa tarakimu moja baada ya nyingine, na kwa kuwa kila chumba cha habari kilianzia fomu zake na kwenda kwa mwendo wake, hilo peke yake lilitosha kufanya jumla za katikati zitofautiane. Taarifa ya M-Pesa katika PDF iko hatua moja mbele, kwa sababu herufi zake zinasomeka, lakini PDF huhifadhi mahali herufi zilipo kwenye ukurasa. Haihifadhi safu.

Mafaili yaliyopangwa kwa kweli ni kama CSV, Excel, JSON na XML. Ukifungua CSV kwa Notepad utaona maandishi matupu: mstari wa kwanza una majina ya safu, kila mstari unaofuata una rekodi moja, na koma hutenganisha thamani.

tarehe,tawi,bidhaa,kiasi,kaunti
03/04/2024,Githurai,Unga 2kg,1250,047

Katika makala haya mstari ni rekodi moja inayokwenda kushoto kulia, na safu ni thamani za aina moja zinazoshuka chini, kama "kiasi" hapo juu.

Wengi huamini CSV ni aina ya Excel kwa sababu ina ikoni ya Excel na hufunguka ndani ya Excel. Sivyo. CSV haina rangi, haina fomula, haina kurasa nyingi, na, jambo kubwa kuliko yote, haikumbuki kama 047 ni namba au ni maandishi. Kila programu inayoifungua hukisia upya. Shika hilo, kwa maana nusu ya matatizo yaliyo hapa chini yanatoka hapo.

Kuna mkanganyiko mwingine unaofaa kuondolewa mapema. Neno "kuunganisha" linabeba kazi mbili tofauti. Ya kwanza ni kurundika chapati juu ya chapati: mauzo ya Februari yanakaa chini ya mauzo ya Januari, safu ni zilezile, mistari inaongezeka. Ya pili ni kuweka maharagwe kando ya chapati kwenye sahani moja: unachukua jedwali la mauzo na kulipachika bei za jumla kutoka jedwali jingine kwa kulinganisha jina la bidhaa, na hapo kinachoongezeka ni safu. Power Query, zana ya kuunganisha data iliyo ndani ya Excel, huita ya kwanza "Append" na ya pili "Merge". Folda yenye mafaili mengi ya aina moja inataka ya kwanza. Anayebonyeza "Merge" kwa sababu neno hilo linasikika kama kuunganisha atapata jedwali lililopanuka ajabu, na atalaumu kompyuta.

Mafaili 48

Tuchukue mfano wa duka la jumla lenye matawi manne: Gikomba, Githurai, Kayole na Rongai. Kila tawi hutuma CSV moja ya mauzo kila mwezi. Mwaka ukiisha folda ina mafaili 48.

Wa kukopi na kupesti atafungua moja moja. Anayejua kidogo zaidi ataandika amri ya "copy *.csv" kwenye Windows na kupata faili moja kubwa kwa sekunde. Amri hiyo hubandika maandishi tu, haijui jedwali. Kwa hiyo majina ya safu yatajirudia mara 47 katikati ya data. Faili ambalo mstari wake wa mwisho haukufungwa kwa kuruka mstari litagandana na kichwa cha linalofuata, na rekodi moja itaharibika kila linapotokea hilo. Bila kuongeza "/b", amri hiyo huacha pia alama isiyoonekana mwishoni mwa faili jipya. Na ukishamaliza, hakuna namna ya kujua mstari upi ulitoka tawi lipi kama jina la tawi lilikuwa kwenye jina la faili peke yake.

Njia inayofaa kwa mtu wa ofisini ni Power Query, ambayo imo ndani ya Excel tangu toleo la 2016. Nenda "Data", "Get Data", "From File", "From Folder", uchague folda. Litatokea orodha ya mafaili, na chini yake kitufe cha "Combine" kinachoita. Usikibonyeze bado. Bonyeza "Transform Data" kwanza, uone hasa kilichomo ndani ya folda, kwa sababu Power Query huchukua kila kitu, pamoja na folda ndogo zilizofichwa ndani. Utakuta "Thumbs.db" ya Windows au ".DS_Store" ya Mac. Utakuta faili linaloanza na "~$", ambalo ni kivuli cha faili la Excel ambalo mtu amelifungua wakati huohuo, na hilo litaangusha kazi yote. Utakuta "Machi (1).csv", yaani karani alipakua mara mbili. Chuja kwa safu ya "Extension" ubaki na .csv peke yake, lakini geuza kwanza safu hiyo kuwa herufi ndogo, kwa kuwa Power Query huona ".CSV" na ".csv" kuwa vitu viwili. Ondoa yanayoanza na "~$". Angalia "Folder Path" kama kuna folda ya "zamani" imejipenyeza. Baada ya hapo ndipo ubonyeze ile mishale miwili juu ya safu ya "Content".

Kwenye dirisha linalofuata kuna kisanduku kilichoandikwa "Skip files with errors". Kikiwekewa alama, kazi itapita vizuri kabisa hata kama tawi zima limeachwa nje. Kiache kitupu.

Anayetumia Python atafanya kazi hiyohiyo kwa mistari michache ya pandas, maktaba yake ya kushughulikia majedwali:

import glob, pandas as pd
vipande = []
for f in sorted(glob.glob("mauzo/*.csv")):
    d = pd.read_csv(f, dtype=str, keep_default_na=False, encoding="utf-8-sig")
    d["faili"] = f
    vipande.append(d)
jedwali = pd.concat(vipande, ignore_index=True)

Vipande hukusanywa kwenye orodha na kuunganishwa mara moja mwishoni. Mafunzo mengi ya zamani mtandaoni huongeza kipande kimoja kimoja kwa "append" ndani ya mzunguko. Njia hiyo ilinakili jedwali lote upya kwa kila faili, na iliondolewa kabisa pandas 2.0 ilipotoka mwaka 2023. Na aliyezoea SQL, lugha ya hifadhidata, anaweza kutumia DuckDB, ambayo ni programu ya bure isiyohitaji seva:

SELECT * FROM read_csv('mauzo/*.csv', union_by_name = true, all_varchar = true, filename = true);

Zana ni suala la mazoea. Yanayofuata yanampata kila mtu.

Faili la kwanza ndilo linaloamua

Power Query haisomi mafaili 48 kisha ikaamua safu ni zipi. Huchukua faili moja kuwa sampuli, kwa kawaida lile la kwanza kwenye orodha, na yote mengine hupimwa kwa kipimo hicho. Tuseme sampuli ni Gikomba ya Januari. Mwezi wa Julai tawi la Githurai likaanza kuandika safu ya "punguzo". Safu hiyo haimo kwenye sampuli, kwa hiyo inaachwa. Hakuna maandishi mekundu, hakuna onyo. Miezi sita ya punguzo inapotea, na faida ya Githurai inaonekana nzuri kuliko ilivyo.

Hali huwa mbaya zaidi kama safu mpya imeingizwa katikati. Kwa CSV, Power Query huandika idadi ya safu za sampuli ndani ya fomula, kitu kama "Columns=5". Faili la Githurai sasa lina safu sita, kwa hiyo ya sita inakatwa. Kama "punguzo" liliwekwa kabla ya "kaunti", iliyokatwa ni "kaunti", na "punguzo" nalo halitambuliwi. Umepoteza mbili. Fungua hatua ya kwanza ya hoja (query) ya sampuli, ufute kipande hicho cha "Columns" pamoja na koma yake, kisha uchague kuwa sampuli lile faili lenye safu nyingi kuliko yote.

Sasa angalia kitu kidogo zaidi. Karani wa Kayole ameandika kichwa cha safu "kiasi " na nafasi moja mwishoni. Ukikitazama kwenye skrini ni "kiasi" tu. Power Query hailioni kuwa jina lilelile, kwa hiyo mistari yote ya Kayole inaingia, tarehe zipo, bidhaa zipo, lakini kiasi ni tupu. Mauzo ya tawi zima yamekuwa sifuri kwa nafasi moja ya kibodi. Pandas haipotezi, lakini itakupa safu mbili zenye jina linalofanana kwa macho, na ukijumlisha moja umeiacha nyingine. "Kiasi", "kiasi" na "Kiasi KSh" hufanya vivyo hivyo. Dawa ni kuorodhesha vichwa vya safu vya kila faili kabla ya kuunganisha na kuvitazama kando kwa kando. Vinavyotofautiana huonekana mara moja. Kisha usafishe: ondoa nafasi za pembeni, geuza herufi ndogo, halafu ndipo urundike.

Faida moja ya msimbo wa pandas hapo juu ni hii: kisanduku ambacho karani hakukijaza huingia kama maandishi matupu, ilhali safu ambayo haikuwepo kabisa kwenye faili huingia kama NaN, alama ya pandas ya pengo. Ukihesabu NaN kwa kila faili unajua mara moja tawi lipi lilibadilisha fomu yake na mwezi gani.

Mafaili ya Excel yana mtego wake wa ziada: jina la ukurasa. Sampuli ikiwa na ukurasa "Sheet1" na tawi jingine likauita "Aprili", Power Query itagoma na kusema "The key didn't match any rows in the table". Huo ni ujumbe mbaya kwa lugha lakini mzuri kwa kazi, kwa kuwa angalau umeambiwa.

Programu inapokisia

Kaunti za Kenya zina namba kuanzia 001 ya Mombasa hadi 047 ya Nairobi. Programu ikikisia kuwa hizo ni namba, 001 inakuwa 1, na siku utakapolinganisha na jedwali jingine lenye 001 hakuna kitakachokutana. Namba ya simu iliyoandikwa kwa 07 au 01 hupoteza sifuri. Ikiandikwa kwa 254 ina tarakimu 12, na Excel ikiachwa na mpangilio wake wa kawaida huionyesha kama 2.54712E+11. Hapo bado haijaharibika. Namba nzima imo ndani. Lakini ukihifadhi faili hilo kama CSV, kinachoandikwa ni kile kinachoonekana, na tarakimu sita za mwisho zimekwenda. Wateja wengi tofauti wanageuka mteja mmoja. Namba ndefu kupita tarakimu 15, kama za baadhi ya kadi, hupoteza mkia wake mara tu Excel inapozisoma kama namba, na badala yake huwekwa masifuri.

Tarehe ndizo hatari zaidi, kwa sababu hukosea nusu. Sisi tunaanza na siku. Kompyuta iliyopangwa kwa mtindo wa Marekani huanza na mwezi. Faili la Aprili 2024 likisomwa na kompyuta kama hiyo, 03/04/2024 inakuwa tarehe 4 Machi, 05/04 inakuwa 4 Mei, 12/04 inakuwa 4 Desemba. Siku 12 za kwanza za Aprili zinatawanyika mwaka mzima, zote zikiwa tarehe 4 ya mwezi fulani, na 04/04 peke yake inabaki mahali pake. Kuanzia 13/04 hakuna mwezi wa 13, kwa hiyo siku 18 zilizobaki zinakuwa makosa au zinabaki maandishi. Ukiona faili la mwezi mmoja limezaa mistari ya Januari hadi Desemba, yote tarehe ileile, hakuna haja ya kutafuta zaidi.

Pandas nayo ina tabia yake: neno NA huchukuliwa kuwa pengo. Duka likitumia NA kama kifupi cha Nairobi, kifupi hicho kinafutika. Ndiyo sababu "keep_default_na=False" imo kwenye msimbo ule.

Kanuni inayozuia karibu yote haya ni moja: ingiza kila kitu kama maandishi, kisha ubadilishe safu moja moja ukijua unachofanya. Katika Power Query, futa hatua ya "Changed Type" iliyojiongeza yenyewe. Kwa tarehe, bofya kichwa cha safu kwa kitufe cha kulia cha kipanya, chagua "Change Type", kisha "Using Locale", na uweke "English (United Kingdom)", inayoanza na siku. Kwa kiasi cha pesa, ondoa kwanza "KSh", koma za maelfu na ile "/=" yetu, kisha ugeuze kuwa namba. Kinachokataa kugeuka kitaonekana kama kosa, na hicho ndicho unachotaka kukiona.

Kanuni hii haiokoi kilichoharibiwa kabla hakijafika kwako. Kama karani wa Rongai hufungua CSV kwa Excel "kuangalia tu", kisha akabonyeza hifadhi, sifuri zimeshatoweka kule Rongai. Matawi yaambiwe yatume faili kama lilivyotoka kwenye mfumo, bila kufunguliwa. Anayetaka kulitazama atazame nakala.

Mistari isiyo rekodi

Watu huandaa faili kwa ajili ya bosi atakayelisoma, na bosi anapenda kichwa kikubwa juu na jumla chini. Kompyuta haijui kuwa "JUMLA" si bidhaa. Kila faili likiwa na mstari wa jumla, jumla yako kuu itakuwa mara mbili kamili ya ukweli. Ni kosa rahisi kulinasa: gawanya kwa mbili uone kama inalingana na ripoti za matawi. Likiwa kwenye mafaili 30 kati ya 48 halitakuwa mara mbili kamili, na hapo ndipo linapojificha. Chuja safu ya bidhaa kwa maneno kama "jumla" na "total", na pia mistari isiyo na tarehe.

Visanduku vilivyounganishwa kwenye Excel navyo hudanganya. Jina la tawi lililotandazwa mbele ya mistari kumi limehifadhiwa kwenye mstari wa kwanza peke yake. Tisa zilizobaki ni tupu. Power Query ina "Fill Down" kwa ajili hiyo. Kama miezi imepangwa kuwa safu, Januari hadi Desemba kwenda kulia, tumia "Unpivot", inayogeuza safu hizo kuwa mistari, kabla ya kurundika.

JSON na XML, mafaili ambayo rekodi moja inaweza kubeba nyingine ndani yake, huleta swali la namna nyingine. Ankara moja inaweza kubeba bidhaa tano ndani yake. Ukiamua mstari mmoja ni bidhaa moja, jumla ya ankara itajirudia mara tano, na atakayeijumlisha safu hiyo atapata mauzo ya ndoto. Amua kabla ya kuanza mstari mmoja ni nini.

Murang'a na ndugu zake

Majina yetu yana alama ya ritifaa, na ritifaa ziko mbili: ile iliyonyooka ya kibodi na ile iliyojipinda ambayo Word huiweka yenyewe. Kwa kompyuta, Murang'a na Murang’a ni kaunti mbili. Iliyojipinda ikihifadhiwa kwa UTF-8, mfumo wa kisasa wa kuhifadhi herufi, kisha ikasomwa kwa mfumo wa zamani wa Windows, inatoka "Murangâ€™a". Ukiona herufi hizo tatu za ajabu, usizifute kwa mkono. Rudi uiambie programu isome faili kwa UTF-8, ambayo kwenye Power Query ni chaguo la "65001: Unicode (UTF-8)".

Jedwali la Kwanza la Katiba linaandika Elgeyo/Marakwet na Taita/Taveta kwa mkwaju, Tharaka-Nithi kwa kistari, na Nairobi City. Makarani huandika wanavyopenda. Tumia namba ya kaunti kulinganisha, jina liwe la kusomeka tu. Na namba hiyo, tena, ni maandishi yenye sifuri yake.

Kuhesabu

Vuli ya mwaka 2020, Public Health England, shirika la afya ya umma la Uingereza wakati huo, ilikuwa ikipokea matokeo ya vipimo vya korona kutoka maabara kama CSV na kuyaingiza kwenye violezo vya Excel vya aina ya zamani, .xls. Aina hiyo hubeba mistari 65,536 tu kwa ukurasa, na kila mgonjwa alichukua mistari kadhaa. Violezo vikajaa, mistari iliyozidi ikaachwa. Visa 15,841 vya kati ya Septemba 25 na Oktoba 2 havikuingia kwenye hesabu za kila siku, na ufuatiliaji wa waliokutana na wagonjwa hao ukachelewa. Hakuna aliyedukua chochote. Aina mpya, .xlsx, hubeba mistari 1,048,576, na nayo ina mwisho.

Kinachonasa hitilafu kama hiyo ni hesabu ya kulinganisha, si zana ghali zaidi. Usiitupe safu ya "Source.Name" ambayo Power Query huiongeza, wala "filename" ya DuckDB, fanya muhtasari kwa safu hiyo. Unatarajia mafaili 48, kila tawi 12. Ukipata 47, mmoja hajatuma au faili lake ni tupu. Ukipata 49, tafuta pacha: kwenye PowerShell, dirisha la amri la Windows, "Get-FileHash" hutoa alama ya kila faili, na mafaili mawili yenye alama moja ni faili moja hata kama majina ni tofauti. Kisha linganisha idadi ya mistari ya kila faili na iliyoingia kwenye jedwali, ukitoa mmoja wa kichwa. Tofauti ndogo si lazima iwe hasara: kisanduku cha maelezo ambacho karani alibonyeza Enter ndani yake huhesabiwa na Notepad kuwa mistari miwili ilhali ni rekodi moja. Mwisho pigia matawi simu, kila moja likupe jumla yake ya mwezi kutoka kwenye mfumo wake, uilinganishe hadi senti.

Siku hizi kuna wanaosema haya yote yamepitwa, umpe tu roboti wa AI mafaili aunganishe. Kuandika msimbo ule hapo juu anaweza, na vizuri. Lakini nafasi iliyo mwishoni mwa "kiasi " itampita kama inavyokupita wewe asipoambiwa ahesabu. Tena jedwali lenye majina, simu na vitambulisho vya wateja wa matawi yote liko chini ya Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019, na kulipandisha kwenye tovuti ya watu wengine ni uamuzi wa kampuni, si wa karani saa kumi na moja jioni.

Ukiisha kupanga hivi, mwezi unaofuata unadondosha mafaili manne mapya ndani ya folda na kubonyeza "Refresh All". Jedwali likikaribia mistari milioni moja, usilitue kwenye ukurasa: chagua "Only Create Connection" na uweke alama kwenye "Add this data to the Data Model", kisha ufanye ripoti kwa PivotTable. Na tokeo usilihifadhi kamwe kama CSV ndani ya folda ileile ya mafaili ghafi, kwa sababu ukibonyeza tena "Refresh All" litasomwa kama tawi la tano.